Sauti ya Beki

Katika mji wa Eldoret, ukitaka miguu yako ikuletee heshima, kimbia. Mkimbiaji akitua uwanja wa ndege na medali shingoni hupokewa kwa kibuyu cha mursik, yale maziwa ya kugandisha, hujenga ghorofa, hununua shamba la mahindi huko Turbo, na wazazi huwapa watoto jina lake. Mchezaji wa mpira huulizwa kazi yake hasa ilikuwa gani. Githinji alisimama beki wa kati wa timu ya taifa kwa miaka tisa. Alivuka hadi Poland, akapiga vichwa mipira iliyolowa theluji misimu miwili mizima, akarudi na koti zito na maneno machache ya Kipolandi. Na bado fundi aliyekuja kuziba bomba kwenye ploti yao mtaani Huruma alimuuliza, "Kwani mzee, wewe ulikuwa unafanya job gani?"

"Mpira," Githinji akajibu.

"Ya maji?"

Nyakio, mke wake, alicheka siku ile hadi akashika ukuta. Hiyo ilikuwa mwaka juzi. Siku hizi mtu akimuuliza Githinji swali hilo, yeye humgeukia Nyakio kwanza, na Nyakio hujibu kwa niaba yake, upesi, kabla mgeni hajashangaa.

Daktari alikuwa amemweleza Nyakio bila kuzunguka, kwa upole, mlango ukiwa umefungwa. Kichwa kile kilipiga mipira mingi mno na kugongana na vichwa vingine vingi mno. Kilichosahaulika hakitarudi, na kilichobaki kitaendelea kupungua. Nyakio alishukuru, akatoka, akamwambia mumewe kwamba daktari amesema ni presha. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, lakini wahenga hawakuolewa na Githinji. Nyakio alikuwa akitaka jambo moja tu: mume wake aagwe uwanjani akiwa bado anajua kwamba anayeagwa ni yeye.

Maana Githinji bado alikuwa na timu. Alikuwa kocha wa Sosiani Rovers, timu ndogo ya ligi ya chini iliyolelewa na Bashir, mwenye malori ya kubeba nafaka. Ilibaki mechi moja msimu uishe. Wakitoka sare, wanabaki ligini. Wakifungwa, wanashuka. Na baada ya mechi hiyo, Bashir alikuwa ameahidi, Githinji ataitwa katikati ya uwanja, atapigiwa makofi na kustaafu kama mtu. Timu ya taifa haikumfanyia hivyo. Siku walipomwacha, kikosi kilisomwa redioni jina lake likiwa halimo, naye amekaa jikoni anamenya viazi. Aliendelea kumenya hadi viazi vikawa vingi kuliko watu wa kuvila, na Nyakio, aliyesimama mlangoni siku ile, hajaisamehe redio hata leo.

*

"Mum, mwambie tu Bashir," Tabby alisema.

Tabby ni binti yao wa pekee. Alikuwa msusi kwenye saluni ya jirani, na siku hiyo alikuja kumsaidia mama yake kufua jezi. Nyakio ndiye aliyefua jezi za Rovers, na kwa ajili ya kazi hiyo alipewa nafasi mwisho wa benchi, mfuko wa jezi miguuni pake. Hapo ndipo alipotengeneza ujanja wake. Githinji akitaka kumwita mchezaji na jina likamponyoka, akaanza kufungua mdomo na kuufunga, Nyakio angepaza sauti: "Sifuna, vuta soksi!" Na Githinji angelidaka jina hewani: "Sifuna! Rudi nyuma!" Wachezaji walidhani mama yule ana wazimu wa soksi.

"Nimwambie nini?" Nyakio akauliza.

"Ukweli. Jana Daddy aliniuliza kama bus ya timu imefika. Nilikuwa nimemletea uji."

"Alikuwa anaota."

"Macho wazi? Mum, unamficha yeye ama unajificha wewe?"

Nyakio aliikamua jezi namba tano hadi ikakosa tone. "Wewe ulikuwa hujazaliwa wakati watu walikuwa wanasimama kwa barabara kumwona. Acha nimalize na hii. Ni mechi moja, Tabby. Moja tu."

"Na ikiharibika?"

"Haiwezi haribika. Mpira hajasahau."

Hapo Nyakio hakuwa akidanganya, na ndipo palipomponza. Majina yalimtoka Githinji, njia ya kwenda dukani ilimtoka, lakini mpira ulibaki kichwani mzima. Kulikuwa na jambo moja aliwafundisha mabeki wake hadi likawaingia mifupani, nalo ni kutii sauti. Beki hana macho kisogoni, aliwaambia. Kwa hivyo mmoja huona kwa niaba ya wote, huita "Tokeni!", na wote wanne hupanda juu kwa pamoja wakamwacha mshambuliaji nyuma yao, ameotea. Hakuna kugeuka wala kuuliza. Anayechelewa hatua moja amewauza wenzake. Asubuhi za baridi, ile baridi ya Eldoret inayong'ata masikio, ungemsikia akiita na vijana wanne wakipanda kama waliofungwa kamba moja. Sauti yenyewe haikuwa imezeeka hata kidogo. Watu wa ploti za jirani walizoea kuamshwa nayo.

Tabby alianika jezi ya mwisho, akaifuta mikono kwenye sketi. "Mimi nitakuja kwa mechi," akasema. "Lakini sitaki kuona."

*

Siku mbili kabla ya mechi Bashir aliwaita kwenye yadi yake, mahali malori yanapopakiwa magunia, wanywe chai na wapange mambo. Bashir alikuwa mtu wa maneno mengi na roho nyeupe. Alimkumbatia Githinji getini, akamuuliza za nyumbani, wakaketi.

"Mama Tabby, wallahi siku hiyo tutafanya kitu watu watasema," Bashir alisema. "Nimealika wazee wa mpira. Na kuna mtu wa klabu kubwa anatoka Nairobi kuangalia huyu kijana Sifuna, beki wetu. Akicheza vile anachezanga, huyo ameenda. Mkate wake iko hapo."

"Sifuna atacheza," Githinji akasema. "Huyo ana kichwa." Kisha akainuka, akanyoosha mkono. "Bashir! Habari ya siku nyingi? Watu wa nyumbani wazima?"

Vijana wa magunia waliangaliana, mmoja akaficha uso ndani ya shati ili asicheke. Bashir alisita kidogo tu. Akasimama, akaupokea mkono, akajibu salamu kwa furaha ile ile ya getini, na kumuuliza tena za nyumbani. Nyakio alitazama kikombe chake. Alimshukuru Bashir kimyakimya na kumchukia kidogo pia, kama anavyochukiwa mtu aliyekufunika nguo hadharani.

Walipokuwa wakiondoka, Obiero, msaidizi wa kocha, alimvuta Nyakio kando ya lori.

"Mama Tabby, usinikasirikie. Nimeona."

"Umeona nini?"

"Hizo soksi."

Nyakio akatazama kama Githinji yuko mbali.

"Wacha mzee akae pale juu na Bashir, avae suti yake poa," Obiero akaendelea, taratibu. "Mimi nitasimama kwa line. Ikiisha tunamwita katikati, anapewa heshima yake yote. Hakuna mtu atajua kitu."

Lilikuwa shauri jema kutoka kwa mtu mwema. Lakini Nyakio hakulisikia hivyo. Alisikia kikosi kikisomwa na jina halimo. Akaona mume wake amekaa na wageni kama mgeni, huku timu yake ikiongozwa na mtu mwingine mbele ya macho yake.

"Kiti hakijapoa, Obiero, na wewe tayari unakikalia?"

Obiero alipigwa na neno hilo hadi akarudi nyuma. "Mama, huyu mzee amenifundisha mpira nikiwa form two. Mimi siwezi mpora."

"Basi mwache asimame."

"Sawa. Lakini kama..."

"Mwache asimame!"

Mwanamume mzima akisemeshwa hivyo na mke wa mwalimu wake, afanye nini? Obiero aliitikia, akaenda zake. Njia nzima ya kurudi Huruma Githinji alikuwa mchangamfu, akimsimulia Nyakio habari za mtu mmoja mkarimu aliyewanywesha chai.

*

Siku ya mechi uwanja ulijaa kuliko ilivyotarajiwa. Bashir alikaa jukwaani na wageni wake, mtu wa Nairobi akiwa kando yake na miwani ya jua ambalo halikuwapo. Githinji alisimama pembeni mwa mstari na koti lake la Poland, mikono mifukoni, na kipindi cha kwanza chote alikuwa yule yule wa zamani. Alimwona winga aliyechoka kabla winga mwenyewe hajajua. Alimsogeza Sifuna hatua tatu kushoto, na mpira ukaja kuanguka pale pale. Sare bila mabao. Nyakio alihitaji soksi mara moja tu. Wakati wa mapumziko alimtafuta Tabby kwa macho kwenye umati, akamwonyesha kidole gumba, na akajiruhusu kufurahi.

Kipindi cha pili mvua ikaanza. Watu wakabanana chini ya bati la jukwaa, miavuli ikafunguka, mpira ukawa mzito. Wapinzani walikuwa wamevaa nyeupe. Nyakio aliona shingo ya mumewe ikianza kucheza: kila mpira wa juu ukipigwa, naye anaruka kwa shingo, anapiga kichwa hewa.

"Huyo namba tisa wao," Githinji akasema bila kugeuka, "ndiye alining'oa jino kule Kampala. Leo hanipiti."

Namba tisa wao alikuwa kijana ambaye hata ndevu hazijashika.

Nyakio alimwangalia Obiero. Obiero alikuwa akimwangalia yeye, akingoja. Ilikuwa rahisi sana. Angetikisa kichwa tu, na Obiero angemshika mzee mkono, wakakaa naye benchi, basi. Zilibaki dakika chache, Nyakio akajiambia. Zikiisha hizi, yameisha yote. Akainamia mfuko wa jezi na kujifanya anatafuta kitu.

"Tokeni!"

Githinji aliita mpira ukiwa umeshapigwa. Namba tisa alikuwa anakuja kasi kutoka nyuma ya wenzake, na mtu yeyote mwenye macho aliona kwamba huu ni wakati wa kurudi, si wa kupanda. Sifuna aliona pia. Alikuwa upande wa benchi, na Nyakio alimwona akisita, mguu mmoja umeshageuka nyuma.

"Tokeni!"

Mguu ukatii. Wote wanne wakapanda, hakuna aliyegeuka wala kuuliza, na namba tisa akapishana nao akielekea upande wa pili, hajaotea, peke yake na kipa. Hakuharakisha hata. Bao.

Umati ukapiga yowe la uchungu. Kabla yowe halijaisha, Githinji alikuwa ndani ya uwanja. Alitembea kwa utulivu katikati ya matope, koti likivuja maji, akafika mahali Sifuna alipokuwa amepiga magoti, akasimama juu yake.

"Kijana, wewe ni wa wapi? Hii ni nafasi yangu."

Refa akapuliza filimbi. Kwa muda kidogo hakuna aliyeelewa. Kisha sauti moja ikatoka jukwaani: "Mzee ameingia sub!" na kicheko kikalipuka. Waliokuwa na hasira ya bao wakazomea, "Toa huyo! Toa huyo mzee!" Waliokuwa na huruma walinyamaza, na huruma iliyonyamaza haisikiki. Githinji aliisikia kelele ile, akainua kidevu. Alinyoosha mgongo kama wimbo wa taifa unapigwa. Alikuwa na furaha.

Nyakio alikimbia kwenye matope, kiatu kimoja kikabaki nyuma. "Baba Tabby, twende."

"Mechi haijaisha."

"Umebadilishwa," Nyakio akasema.

Hilo mchezaji yeyote analielewa. Githinji hakubisha. Alimshika Sifuna bega kumkabidhi nafasi, akatoka akikimbia kidogo kidogo, kwa adabu, hadi mstarini. Mtu wa Nairobi alikuwa ameshainuka, anashuka ngazi akitafuta gari lake. Bao lile lile moja likatosha. Rovers wakashuka daraja.

*

Hakuna aliyeitwa katikati ya uwanja. Wageni walitawanyika na mvua. Bashir alishuka mwenyewe hadi kwenye benchi, kanzu imeloa pindo, akasimama mbele ya Nyakio.

"Mama Tabby. Mbona hukuniambia? Ningemweka hapa kando yangu."

"Nilifikiri..."

"Mimi singemfukuza. Wallahi singemfukuza." Akakung'uta maji kwenye kanzu. "Pole." Akaondoka.

Afadhali angemtukana. Nyakio alikuwa amejiandaa kwa matusi.

Sifuna alikuwa amekaa kwenye majani na jezi yake ya matope, uso kwenye magoti, mabega yanatikisika. Githinji alikuwa ameshatulia. Alimtazama yule kijana, akamuuliza Nyakio, "Nani analia?"

"Ni Sifuna."

Githinji akaenda kuketi kando yake, juu ya maji yale. "Tumefungwa?"

"Tumefungwa, coach."

"Aje?"

Sifuna alimtupia Nyakio jicho. "Tulitoka time mbaya. Jamaa akapita."

"Nani aliita?"

Obiero aliinama akaanza kukusanya koni ambazo zilikuwa zimeshakusanywa. Tabby, aliyekuwa amefika na kiatu cha mama yake mkononi, akasimama pale alipokuwa. Sifuna akajibu.

"Ni mimi, coach."

Githinji akainuka. Hakuwahi kumtukana mchezaji maisha yake yote, lakini kosa hili hakulisamehe kwa mtu. "Uliita bila kuona? Unajua umefanya nini? Wenzako hawageuki, wanaamini sauti yako. Wewe umewauza! Toa hiyo jezi. Wewe si wa kucheza beki. Toa!"

Na Sifuna akaanza kuivua. Alikuwa amempoteza mtu wa Nairobi, sasa anaipoteza na jezi, na bado midomo yake ilikuwa imefungwa kabisa. Aliivuta hadi ikafika kichwani, ikakwama pale na unyevu wake, naye akabaki amefunikwa uso, mbavu zinatetemeka kwa baridi.

Nyakio hakuweza tena. Msimu mzima alikuwa akimtilia mumewe maneno mdomoni na kuyaita mapenzi. Kumbe leo mzigo wake umebebwa na mtoto wa mwanamke mwingine, na yeye amesimama pale anatazama.

"Baba Tabby. Ni wewe."

"Mimi nini?"

"Ni wewe uliita. Sifuna hajaita. Aliona ni makosa, lakini akakuamini. Unasahau, Baba Tabby. Si presha. Daktari aliniambia tangu mwaka jana, nikakuficha, nikaficha kila mtu. Hata Obiero aliniomba nikamfukuza. Usimlaumu huyu kijana. Tulaumiwe sisi wawili."

"Mum," Tabby akasema, akamwekea kiatu miguuni.

Githinji alimtazama mke wake. Nyakio aliona jambo lile likimwingia na kufika, na kwa dakika ile mume wake alikuwa mzima kabisa, hajapungua popote. Alitamani angekuwa amepungua.

"Watu wote waliona?"

"Wote."

"Na mimi nilidhani wananishangilia."

Alirudi kwa Sifuna, akaishika jezi iliyokwama, akaishusha polepole hadi kiunoni, akamnyooshea kola. "Vaa. Kuna baridi," akasema. Kisha akageuka, akauinua mkono wa kulia juu ya kichwa. Wachezaji wote wanaijua ishara hiyo. Aliyekosea huuinua mkono ili wenzake wasilaumiane: ni mimi, nihesabuni mimi. Aliuinua kwa Obiero, akauinua kwa vijana waliokuwa wakifunga viatu mifukoni, akauinua kwa jukwaa lililokuwa limeshabaki viti vitupu. Obiero akajifuta uso kwa mkono wa koti. Sifuna alilia upya.

Nyakio alimshika mkono wa kushoto, Tabby akabeba mfuko wa jezi, wakaelekea getini. Mkono wa kulia wa Githinji ulibaki juu. Mvua ilikuwa imekatika. Nje ya geti palikuwa na mama mmoja anachoma mahindi na watu wawili wa bodaboda wanaopangusa viti. Walipokaribia, Nyakio alihisi vidole vya mumewe vikilegea ndani ya vyake, na kabla hajafungua mdomo alijua kwamba yameshamtoka.

"Mama Tabby," Githinji akauliza, "mbona nimeinua mkono?"

Ukweli alikuwa ameshamwambia mara moja siku ile, na alikuwa ameuona uso wake.

"Unaaga watu," akasema.

"Wamekuja?"

Mama wa mahindi alimwona mzee mwenye koti zito amemwinulia mkono. Akaweka kipepeo cha jiko chini, akampungia. Wale wa bodaboda nao wakapunga, kwa kuwa mtu akikupungia unapunga, hata kama humjui.

"Wamekuja wengi," Nyakio akasema. "Wapungie, Baba Tabby."